Nani Atakuja Kuipa Jina?

Pembeni mwa mchoro uliotundikwa ukutani kuna kikaratasi: jina la mchoraji, mwaka, rangi ya mafuta juu ya turubai, na pale tulipotarajia jina la kazi pameandikwa "Bila kichwa". Kwenye kompyuta ya studio ya muziki kuna folda yenye "biti mpya", "biti mpya 2", "biti mpya mwisho" na "biti mpya mwisho kabisa". Kwenye simu yako kuna mamia ya picha zinazoitwa IMG, kisha tarehe, kisha WA na namba. Zote ni kazi za mikono na akili za watu, na zote hazina jina. Wengi huzitia kapu moja. Mimi naona zimekosa majina kwa sababu zisizofanana hata kidogo, na tofauti hiyo ndiyo itakayoamua nani atasikika miaka hamsini ijayo na nani atapotea.

Ubishi huu nimeugawa kwa sauti nne. Si watu niliowarekodi. Ni misimamo ninayoisikia kila mara kazi hizi zinapozungumzwa, na kila msimamo nimeupa mtu wa kuutetea kwa nguvu zake zote: mchoraji kijana wa Dar es Salaam, mama anayetunza nyaraka Unguja, mwalimu wa ushairi wa Mombasa, na prodyuza wa muziki. Nami nitaingilia pale nitakaposhindwa kunyamaza.

MCHORAJI: Shikamooni wakubwa. Nianze mimi, maana mimi ndiye ninayelaumiwa. Sote tumepita shule. Tumefundishwa kwamba kitabu kikiwekwa mbele yako, kazi ya kwanza ni kuonyesha jinsi jina lake lilivyosadifu yaliyomo. Kenya wanaita ufaafu wa anwani, na mtihani huuliza hivyo hivyo. Tumekua tukiamini kwamba jina ndilo ufunguo na kazi ni kufuli. Sasa mtu anakuja mbele ya mchoro wangu. Kabla hajatazama, macho yanakimbilia kwenye kikaratasi. Nikiandika "Huzuni ya Mama", ataiona huzuni na mama, basi, ameridhika, anahamia mchoro wa pili. Ile bluu niliyoihangaikia wiki nzima hakuiona. Nikiacha bila jina, analazimika kusimama. Mimi simfichii kitu. Namrudishia macho yake.

Wala msidhani kazi isiyo na jina ni kazi isiyo na thamani. Mei 2017, New York, mchoro wa Jean-Michel Basquiat wa mwaka 1982 uliuzwa mnadani kwa dola milioni 110.5. Mwenyewe hakuupa jina.

MTUNZA NYARAKA: Marahaba mwanangu. Lakini mfano huo unanisaidia mimi kuliko wewe. Basquiat aliacha michoro mingi ya miaka hiyo bila majina. Sasa niambie, watu wanautofautishaje huo na mingine? Wanasema ule wa fuvu. Wanasema ule wa milioni 110. Wanasema ule alioununua Yusaku Maezawa, tajiri wa Japani. Kuna mwingine wa mwaka 1981 ambao watu wamezoea kuutaja kwa neno "Fuvu" ndani ya mabano, ingawa neno hilo mchoraji hakuliandika. Kazi yako haikukwepa kuitwa. Umemwachia mwenye fedha akuitie, naye ataita kwa kile anachokiona yeye.

MCHORAJI: Kuna kosa gani watu wakiita wanavyoona? Ndicho ninachokitaka.

MTUNZA NYARAKA: Wakiita wengi, sawa. Lakini kwa kawaida anaita mmoja, tena aliyeshika kalamu, na baada yake wote wanafuata. Muulize Mwalimu.

MWALIMU: Mwanangu, sikiliza habari ya Mwana Kupona binti Msham. Alikuwa mjane wa Bwana Mataka wa Siyu, mtawala aliyewakatalia majeshi ya Sultani wa Unguja. Mwaka 1858, naye mgonjwa, alimtungia binti yake Mwana Hashima utendi wa beti mia moja na ushei. Ndani yake mna dini, mna adabu za kuishi na watu, mna mume, mna kumkumbuka marehemu mumewe, mna dua ndefu ya mgonjwa anayemwomba Mola wake, na mna mwaliko kwa wanawake wausome. Jina tunalolitumia, Utendi wa Mwana Kupona, linatuambia nani alitunga. Halituambii habari ya nini. Ikaja mwaka 1934, Alice Werner na William Hichens wakauchapisha Uingereza pamoja na tafsiri, na kitabu wakakiita, kwa Kiingereza, ushauri wa Mwana Kupona juu ya wajibu wa mke. Umeona? Katika mambo yote yale wakachukua moja, wakaliweka juu ya jalada. Vizazi vya wanafunzi vimeingia kwenye utendi ule kupitia mlango huo mmoja, wakitafuta mke mtiifu, na bila shaka wamempata. Yule mjane wa kiongozi wa vita, mtunzi anayejua kwamba maneno yake yatabaki, wengi hawakumwona mpaka watafiti kama Ann Biersteker walipourudia utendi na kuusoma upya.

MCHORAJI: Mwalimu, umenishindia kesi! Jina ndilo lililouharibu.

MWALIMU: Jina la nani? Si lake. Pale palikuwa patupu, akaja mtu wa mbali akapajaza.

Hapa naingilia, kwa sababu wawili hawa wameshika ushahidi mmoja na kila mmoja anaondoka na hukumu yake. Mchoraji anaona kwamba jina linafunga. Mwalimu anaona kwamba patupu panajazwa. Wote wanasema kweli, na mimi naona kweli ya Mwalimu ndiyo inayotangulia. Kazi ikishatoka mikononi mwa mwenyewe, watu lazima waitaje: waiagize, waibishie, waifundishe, wairudishe kwa aliyeiazima. Kitu kinachotajwa kila siku hakikai bila jina. Kwa hiyo anayeacha kazi bila kichwa hajaamua kwamba isiwe na jina. Ameamua kwamba jina litoke kwa mwingine. Swali la maana ni kama anajua anamwachia nani.

MCHORAJI: Kuna njia ya tatu. Emily Dickinson, mshairi wa Marekani. Alifariki 1886, akaacha mashairi karibu 1,800, na yaliyochapwa akiwa hai hayafiki dazeni. Karibu yote hayana vichwa. Leo yanasomwa dunia nzima kwa mstari wa kwanza tu. Mstari wa kwanza ni maneno yake mwenyewe, hakuna aliyemjazia.

MTUNZA NYARAKA: Hakuna? Mwaka 1890, miaka minne baada ya kufa kwake, Mabel Loomis Todd na Thomas Higginson walitoa kitabu cha kwanza. Mashairi mengi wakayabandika vichwa walivyovitunga wao, na alama za vituo na vina wakavinyoosha ili vipendeze masikioni mwa wasomaji wa wakati ule. Mwaka 1955 Thomas Johnson akaviondoa vichwa akaweka namba. Mwaka 1998 Ralph Franklin akapanga upya, akaweka namba nyingine. Leo shairi moja lina namba mbili, na mwanafunzi analazimika kusema namba ya nani. Hata namba si kitu kitupu: inasema hili lilitungwa kabla ya lile. Hiyo ni hoja, na hoja si ya mtunzi.

MCHORAJI: Lakini kumbuka jambo moja, mama. Dickinson alichukua karatasi zake, akazikunja, akazishona kwa uzi vijitabu 40, kila shairi mahali pake. Huyo si mtu aliyesahau kuandika kichwa. Alipanga kila kitu, na vichwa akaviacha. Waliokuja baadaye ndio waliokata uzi. Wewe unazungumza kana kwamba kuacha ni uzembe.

MTUNZA NYARAKA: Hilo nakupa. Huyo hakuzembea. Aliacha mpangilio, na laiti warithi wangeuheshimu uzi tungejua mengi zaidi.

MWALIMU: Na hiyo njia ya mstari wa kwanza, mwanangu, kwetu haivuki mto. Utendi wa Kiswahili kwa kawaida unaanza kwa bismillahi. Kisha mtunzi anaomba aletewe karatasi, wino na kalamu, anamhimidi Mungu, anamsalia Mtume, ndipo anaingia kwenye kisa. Ukizitaja tendi zetu kwa mstari wa kwanza, maktaba nzima itakuwa na utendi mmoja! Ndiyo maana tendi zetu nyingi zikaitwa kwa kisa. Na kisa kila mtu anakishika kwa pembe yake. Miongoni mwa hati za zamani kabisa za Kiswahili zenye tarehe mna ile ya mwaka 1728, ya utendi wa Mwengo wa Athumani wa Pate. Mmoja anauita Utendi wa Tambuka, kwa jina la mahali pa vita. Mwingine anauita Chuo cha Herekali, kwa jina la mfalme wa Warumi aliyekuwa upande wa pili. Kazi moja: huyu amekumbuka uwanja, yule amekumbuka adui.

Wala msidhani watu wa pwani walihitaji kichwa ili shairi liishi. Beti za Muyaka bin Haji zilitembea Mombasa kwa vinywa vya watu nusu karne na zaidi kabla ya Mwalimu Sikujua na mmishonari Taylor kuzikusanya kwenye karatasi. Aliyezijua alizijua kwa tukio: lile alilomjibu fulani, lile la mwaka wa vita. Tukio ndilo lililokuwa jina, na tukio likisahauliwa beti inabaki kama mtu asiye na ukoo.

Kisha ikaja mashine. Mwaka 1928 Siti binti Saad alikwenda Bombay kurekodi sahani za santuri. Wimbo wa taarabu ukiimbwa ukumbini hauhitaji kutangazwa jina. Wenyewe wanaujua tangu fidla inapoingia. Lakini sahani ina kikaratasi cha duara katikati, na kikaratasi kile kinadai kuandikwa kitu. Tangu hapo wimbo haukuweza tena kutembea bila jina. Anayedai jina mara nyingi ni chombo, si msikilizaji.

PRODYUZA: Hapo Mwalimu umenifikia mimi. Chombo changu kinadai jina kila nikibonyeza "hifadhi", na mara nyingi saa nane za usiku. Biti imekuja, mkono unakimbia, kompyuta inauliza jina. Naandika chochote. "Biti mpya". Kesho yake ninaifungua, naongeza ngoma, sitaki kuiharibu ile ya jana, naandika "biti mpya 2". Watu hucheka wakiona folda yangu, lakini kuna sababu. Nikiiita biti "Mapenzi", msanii akija atasoma kwenye skrini na ataimba mapenzi. Nikimwachia "biti mpya 2", anaisikiliza kwa masikio yake. Pengine ataleta wimbo wa msiba. Jina la mapema linamfunga mtu ambaye hata hajaingia studio.

MCHORAJI: Huyu ananielewa.

PRODYUZA: Ngoja nimalize, kaka. Nina diski ya zamani pale studio. Ndani yake mna projekti ambayo programu yenyewe imezipa sauti majina: Audio 1, Audio 2, Audio 3. Audio 3 ni mwanamke anaimba. Anaimba vizuri mno. Anavuta pumzi katikati ya neno na neno halivunjiki. Simjui. Huenda alikuja kumsindikiza rafiki, akaambiwa ajaribu kiitikio. Siwezi kuitoa sauti ile kwa sababu sijui nimlipe nani wala nimwombe nani ruhusa. Siwezi kuifuta pia. Hiyo si biti iliyoachwa wazi ili mtu aipe maana. Yule mtu ana jina, mimi ndiye nilikuwa na nafasi ya kuliandika, na kuliandika kungechukua muda mfupi kuliko kunywa glasi ya maji.

Na hilo lina bei. Marekani walipounda chombo kipya cha kukusanya mirabaha ya nyimbo za mtandaoni, Februari 2021 kampuni zinazosikilizisha muziki mtandaoni ziliwakabidhi dola zaidi ya milioni 424. Zilikuwa zimekusanywa kwa nyimbo ambazo zimesikilizwa kweli, lakini hazikuweza kuunganishwa na wenyewe. Jina la wimbo limeandikwa vibaya, mtunzi hakuandikwa, namba haipo. Muziki umepigwa, fedha ipo, mwenyewe hapatikani. Sheria haimnyimi mtu haki kwa sababu kazi yake haina kichwa. Mkataba wa Berne wa hakimiliki tangu zamani unasema kazi inalindwa bila kudai usajili. Haki ipo. Kinachokosekana ni njia ya kumfikishia.

MTUNZA NYARAKA: Mdogo wangu, wewe una diski moja. Mimi naletewa maboksi. Mzee akifariki, watoto wanaleta bahasha ya picha, na siku hizi wanaleta simu. Afadhali bahasha! Picha ya karatasi ukiigeuza unakuta kitu nyuma: muhuri wa studio, namba ya penseli, mabaki ya gundi ya albamu, pengine neno moja la Kiarabu lililofifia. Unguja tuna bahati, studio kama Capital Art ya akina Oza imepiga picha watu tangu 1930, na muhuri wake unaniambia mahali. Haunifikishi kwa mtu, lakini unanifikisha mtaani.

Simu haina nyuma. Watu hawalijui hili, na nawaomba walijue. Picha ikipita WhatsApp, kwenye simu nyingi inapewa jina jipya, na tarehe iliyomo kwenye jina hilo ni ya siku ilipopita kwenye simu, haihusiani na siku ilipopigwa. Picha ya bibi yako ya mwaka 1964, ukitumiwa leo na binamu yako wa Muscat, itabeba tarehe ya leo. Ukimtumia shangazi Dubai mwezi ujao, kwake itabeba tarehe nyingine. Na habari zile ambazo kamera iliziandika ndani ya picha, siku, saa, aina ya kamera, kwa kawaida zinaondolewa njiani. Jina limekuwapo, lakini ni la uongo, na uongo huo una sura ya ukweli kwa sababu ni tarakimu. Kamera nazo zinahesabu mpaka 9999 kisha zinarudi 0001, kwa hiyo harusi ya mwaka huu na msiba wa miaka mitatu nyuma vinaweza kuwa na faili za jina moja. Mtu akizimimina kwenye folda moja na akakubali zipandiane, msiba umefutika.

MCHORAJI: Mama, hayo ya simu si yangu. Mimi nasema juu ya kazi ya sanaa.

MTUNZA NYARAKA: Yako pia, maana kwangu mnaingia kwa mlango mmoja. Mimi sichagui. Kanuni za kazi yetu ziko hivi: kazi isiyo na jina, mtunzaji anaiandikia jina, na jina hilo analitia ndani ya mabano ya mraba. Mabano yale yanamwambia msomaji wa kesho kwamba haya si maneno ya mwenye kazi, ni yetu sisi. Nimeandika mara nyingi: mwanamke aliyekaa, hajulikani. Nimeandika: wanaume wanne mbele ya duka. Kila nikifunga mabano najua mahali fulani mjini kuna mjukuu ambaye angelitaja jina kwa kutupa jicho, na mimi simjui mjukuu huyo.

Na wapo walioandika bila mabano. Mwanzoni mwa karne ya 20 wapiga picha wa Unguja walitengeneza kadi za posta kwa wageni. Mwanamke amesimama na kanga zake mpya, nywele zimesukwa, amejipamba kwa siku ile. Chini wanaandika kwa Kiingereza "mwanamke wa Kiswahili", basi. Alikuwa na jina, na la baba yake, na la mtaa wake. Kichwa cha habari kimekalia mahali pa jina. Ndiyo maana nikisikia mtu anasema kuacha patupu ni uhuru, moyo unanidunda. Nimeyaona yaliyoandikwa patupu.

Katika sauti zote nne, hii ndiyo iliyonitikisa. Mtu anaweza kuuzungumza mwaka mzima uhuru wa mtazamaji bila kugundua kwamba uhuru huo una gharama, na kwamba haulipwi sawa na wote. Basquiat ana soko linalomtafuta. Mchoro wake usio na jina umepigwa picha, umepimwa sentimita kwa sentimita, una namba katika orodha, una wanasheria. Dickinson alikuwa na dada aliyezikuta karatasi akakataa kuzichoma, na ukoo wenye nyumba, na chuo karibu. Mwana Kupona alikuwa na binti, na watu wa Lamu na Siyu walionakili hati kwa mkono. Kila mmoja wao alikuwa na mtu wa kumshika asianguke. Yule mwimbaji wa Audio 3 hana. Ukimwambia naye aache kazi yake bila jina ili watu waone wenyewe, umempa shauri linalomfaa mtu mwingine.

MCHORAJI: Hayo yamenichoma, mwandishi, nami nakujibu. Unataka niwe maarufu kwanza ndipo nipewe ruhusa ya kunyamaza? Edward Saidi Tingatinga alianza kuchora mwaka 1968 kwa vipande vya ubao na rangi za makopo. Hakuwa na soko la New York. Aliandika jina lake chini ya mchoro, akauuza kando ya barabara. Nani alimdai kichwa? Chui wake ni chui.

MTUNZA NYARAKA: Aliweka saini, na saini ndiyo iliyomwokoa. Lakini tazama upande wa pili. Alikufa 1972, na jina lake likawa jina la michoro yote iliyofuata. Leo mgeni ananunua "Tingatinga" Slipway, Dar es Salaam, au Unguja, akifika kwao anasema ana Tingatinga ukutani, na aliyeichora yuko hai Mwenge anatafuta nauli. Jina la mtu mmoja limewafunika mamia kwa sababu michoro yao haikuwa na njia nyingine ya kutajwa.

MWALIMU: Mimi nina jambo la mashairi ambalo wachoraji hamlifikirii. Kazi yenye jina inajibika. Kwenye magazeti yetu, tangu enzi za Mambo Leo, mtunzi hutoa shairi na kichwa chake, mara nyingi kichwa kimetoka kwenye kituo. Wiki ijayo mwenzake wa Tanga anajibu, anakitaja kile kichwa, anakigeuza, wa Lindi anaingia. Malumbano yamekwenda hivyo miaka kwa miaka. Asiyeweka kichwa ametamka neno na kuufunga mlango nyuma yake. Utamjibuje?

MCHORAJI: Kwa kuchora.

MWALIMU: Ndiyo. Ila aliyeko mbali hataona unayemjibu.

MTUNZA NYARAKA: Kijana, nikuulize. Unaogopa jina, au unaogopa jina linaloeleza?

MCHORAJI: Linaloeleza.

MTUNZA NYARAKA: Basi nenda Biashara Street, Mombasa, au Darajani kwetu, simama dukani saa moja. Mwanamke anafunuliwa kanga. Anaangalia rangi, anaangalia pindo na mji, kisha anauliza jina, na muuzaji anamsomea yale maandishi. Pengine pindo lina korosho, katikati pana maua, na jina linamsema jirani mwenye mdomo. Korosho hazina habari na jirani. Hakuna mtu aliyewahi kuuliza jina la kanga linasadifu vipi maua yake. Kanga inakaa na jina lake, na maua yanabaki maua. Mtu anaweza kuipenda kwa rangi akaiacha kwa jina, au akainunua kwa jina ambalo hata hatalivaa mchana. Kwetu jina lilikuwa sauti ya pili, kando ya kazi. Shule ndiyo iliyotufundisha kwamba ni ufunguo.

Mchoraji hakujibu haraka, na mimi naelewa. Hoja hii inambomolea ukuta aliojengea msimamo wake wote, kwamba jina lazima lifafanue. Haiondoi haki yake ya kukataa. Inamwambia tu kwamba alikuwa akikataa aina moja ya jina akidhani ndiyo aina pekee.

PRODYUZA: Mimi nimeshaanza. Biti bado naiita biti mpya, sitabadilika. Ila ndani ya folda naweka faili moja ya maandishi: nani alipiga gitaa, nani aliimba, namba yake ya simu, siku gani, tulikubaliana nini. Jina la wimbo litakuja na msanii. Majina ya watu hayamngoji msanii.

MWALIMU: Na wewe kijana?

MCHORAJI: Nitaacha bila kichwa. Sijabadilika, nisije nikawadanganya. Lakini nyuma ya turubai nitaandika jina langu kamili, mwaka, Dar es Salaam, rangi niliyotumia, vipimo, na nani alinikalia nimchore kama yupo. Kisha nitaandika kwamba haina kichwa kwa hiari yangu mwenyewe.

MTUNZA NYARAKA: Hiyo inanitosha kwa rejista. Na atakayeinunua akiiita vingine?

MCHORAJI: Aiite. Wewe andika jina lake ndani ya mabano.

MTUNZA NYARAKA: Na la aliyekukalia?

MCHORAJI: Hilo liandike bila mabano.